Kura ya Kokoo Niliyoirudia kwa Sauti

Nasikia wamewaandika ukarani wa uchaguzi, ninyi vijana wa hapa mtaani, na kwamba mafunzo yenu ni ya siku tatu. Siku tatu zinatosha kumfundisha mtu kubandika karatasi ukutani. Mengine mtafundishwa na foleni. Mimi nilikuwa mwalimu wa historia katika shule ya sekondari karibu na Bisil, na kila palipotokea uchaguzi walinifuata wanifanye msimamizi wa kituo. Nilikuwa na mwandiko mzuri, sikuwa mlevi, na kwetu ni mbali, upande wa Kakamega. Msimamizi asiye na shemeji hata mmoja kwenye foleni alikuwa mali adimu.

Kabla sijafika kwenye jambo linaloniuma, chukueni haya ya bure. Vaeni viatu vikubwa kidogo, maana ifikapo saa nane mguu unakuwa umevimba. Chupa ya wino itikiseni kila mara, la sivyo watu wa mwisho watapakwa maji. Msikubali chai ya mgombea yeyote, hata kama anayeileta ni mchungaji. Na kabla ya kufunga kisanduku, hesabuni vitu vilivyo mezani.

Hilo la mwisho nililipia kwa aibu. Visanduku vya miaka ya tisini vilikuwa vya bati, vyeusi, na tulivifunga kwa lakiri tuliyoyeyusha kwa mshumaa huku upepo wa Bisil ukizima moto kila dakika. Mara ya kwanza nilipopewa kituo, niliwaonyesha mawakala wa wagombea ndani ya kisanduku. Wote watano wakainama, wakachungulia, wakasema ni kitupu. Nikakifunga, nikapiga lakiri, nikafungua mlango. Mpiga kura wa kwanza akafika, nikanyoosha mkono kuchukua mhuri wa kugonga mgongoni mwa karatasi ya kura, mhuri haupo. Ulikuwa ndani ya kisanduku. Niliuweka humo mwenyewe nilipokuwa natafuta kiberiti, na watu sita wenye macho mazima tuliapa kwamba hakuna kitu.

Aliyeniokoa siku hiyo ni Mzee Njoroge, ambaye alikuwa akizunguka vituoni kukagua. Huyu alikuwa karani wa mahakama zamani, na alipostaafu alifungua duka la misumari na mabati Kitengela, wakati Kitengela yenyewe ilikuwa safu moja ya maduka na vumbi. Alikuja, akatazama, akaniuliza kama mhuri umeshapiga kura yake. Kisha akanisaidia kufungua, kuandika maelezo, na kufunga upya mbele ya mawakala wale wale. Tulipokuwa tukiagana aliniambia neno ambalo nililiona la uzembe wa wazee.

"Kijitabu kiko na maneno, lakini mtu ako na maisha," alisema. "Ukiona lazima utakosea, kosea upande wa mtu."

Nilikuwa kijana na nilikipenda kijitabu. Nilikisoma usiku na mchana kama mwanafunzi wa mtihani. Nilifikiri nikikishika vizuri, hakuna atakayeumia.

Sasa niwaambie kuhusu uchaguzi mdogo. Uchaguzi mkuu ni vurugu za nchi nzima, na kila sehemu hupata fungu lake. Uchaguzi mdogo ni nchi nzima kukushukia wewe peke yako. Mbunge wetu alifariki, na kabla matanga hayajakwisha vizuri magari yalikuwa yameanza kuingia. Watu tuliokuwa tukiwaona kwenye magazeti walikuja kula nyama Bisil na kutusalimia kwa Kimaa, lugha ya Wamaasai, walichofundishwa njiani. Mahindi ya msaada yaliletwa kwa malori. Mashine ya kuchimba kisima ikafika, ikachimba kwa kelele wiki mbili, na Jumatatu baada ya kura ikaondoka. Shimo lilifunikwa kwa jiwe ili mbuzi wasitumbukie. Jiwe hilo lilikaa pale miaka mingi.

Wagombea walikuwa kadhaa, lakini wa maana walikuwa wawili. Mmoja alama yake ilikuwa ngazi, mwingine kibuyu. Ili muelewe ugomvi wao, lazima mjue habari ya ardhi. Wakati huo sehemu kubwa ya upande wetu ilikuwa ranchi ya jamii: hati moja, wanachama wengi, na kamati ya wanaume wachache iliyoshika rejista ya majina. Ilikuwa imeshakatwa shauri kwamba ranchi igawanywe, kila mwanachama apate kipande chake. Kwa hiyo jina lako kuwa ndani ya rejista au nje ndiyo ilikuwa kuwa na kwenu au kutokuwa na kwenu. Kamati yote ilikuwa upande wa ngazi. Mgombea wa kibuyu alizunguka akisema wajane waandikwe kwa majina yao wenyewe, mahali pa waume zao waliokufa. Kamati haikufurahia maneno hayo.

Katibu wa kamati aliitwa Parmuat. Siku ya kura alikuwa wakala wa ngazi katika kituo changu. Hakuna sheria iliyomkataza, nami nilimpa kiti kama nilivyowapa wengine.

Kituo kilikuwa darasa la shule ya msingi. Hadi saa nne mambo yalikwenda sawa. Kisha akaja mwanamume mmoja akimwongoza bibi kizee asiyejua kusoma. Kijitabu kiliruhusu: asiyeweza kujisaidia aingie na mtu anayemwamini, naye huyo amwekee alama. Ikiwa hana mtu, msimamizi amsaidie mbele ya mawakala wote, ili isije ikasemwa kwamba msimamizi ameiba. Yule mwanamume alisema huyo ni mamake. Sawa. Baada ya muda akarudi na bibi wa pili, naye mamake. Wa tatu, mamake. Alipoleta mama wa nne nilisimama mezani nikamwambia hata kama babake alioa vizuri namna hiyo, inatosha. Watu walicheka. Wakala wa kibuyu akalalamika, wakala wa ngazi akajibu, sauti zikapanda. Nikapiga meza na kutoa amri: kuanzia sasa hakuna kuingia na mtu. Kila anayehitaji msaada atasaidiwa na mimi, mbele ya mawakala, kwa sauti ya kusikika.

Mawakala wote walikubali mara moja. Hilo peke yake lilipaswa kunishtua, maana mawakala hawakubaliani hata kuhusu saa. Lakini nilikuwa nimejaa kiburi. Niliona nimewatendea wote sawa.

Haikupita nusu saa akaingia Kokoo Naisiae. Kokoo ni nyanya kwa Kimaa, na hivyo ndivyo kila mtu alivyomwita. Macho yake yalikuwa yameliwa na trakoma, ugonjwa uliopofusha wazee wengi wa kule kwa sababu ya inzi na vumbi. Mumewe alikuwa amekufa miaka michache nyuma. Hakuwa na mtoto wa kiume, na binti yake mmoja alikuwa ameolewa mbali, upande wa Kitengela. Alikuja ameshikwa mkono na jirani yake wa boma, mama aitwaye Nolari.

"Macho yake imekwisha," Nolari aliniambia. "Mimi ndio huwa namshika mkono kila mahali. Hata hapa ataingia na mimi."

Nilimwambia haiwezekani, nikamweleza amri yangu. Nolari akasema yeye hajamleta mwingine, amemleta huyu tu, na watu wote kwenye foleni wanajua. Nikamjibu kwamba nikimfungulia mmoja nitakuwa nimewafungulia wote. Jibu hilo nimelisikia tangu hapo kwa watu wengi wenye vyeo, na kila mara najua kuna mtu anaonewa.

Kokoo hakujua Kiswahili. Karani wangu Janet, binti wa kutoka Kimuka aliyekua akizungumza Kimaa, alimtafsiria. Kokoo akauliza ni akina nani waliokaa humo ndani. Janet akamtajia mawakala mmoja mmoja. Alipofika kwa Parmuat, yule mama aliinamisha kichwa. Kisha akasema hapana neno, atarudi tu nyumbani, jua limekuwa kali.

Vijana, nisikilizeni hapa. Mama huyu alikuwa amekwisha kujiokoa. Alikuwa amegeuka, mkono wake umeshika bega la Nolari, anaelekea mlangoni. Mimi ndiye niliyemrudisha. Nilitoka nyuma ya meza, nikamwambia kupitia Janet kwamba kura ni haki yake, kwamba ametembea mbali, kwamba asiogope.

"Mwambie hakuna mtu atamfanya kitu," nilisema. "Mimi ndio serikali hapa leo."

Janet alinitazama kabla ya kutafsiri. Hadi leo sijui kama aliyatafsiri maneno hayo kama nilivyoyasema au aliyapunguza. Kokoo alisimama, akafikiri, akaachia bega la Nolari. Nikamwongoza hadi mezani. Nikaifungua karatasi ya kura mbele ya mawakala, nikamsomea alama zote. Akasema neno moja kwa sauti ndogo, Janet akataka kuninong'oneza, nikamwambia aseme wote wasikie. Ndivyo nilivyokuwa nimeamuru.

"Amesema kibuyu," Janet akasema.

Nami nikarudia kwa sauti ya darasani, "Mpiga kura amechagua kibuyu. Mawakala mmesikia?"

Wakajibu wamesikia. Nikaweka alama, nikakunja, nikamsaidia kutumbukiza. Nikachovya kidole chake kwenye wino. Parmuat alikuwa na daftari mapajani lakini hakuandika kitu. Hakuhitaji kuandika.

Kisanduku chetu kilipohesabiwa Kajiado, katika ukumbi ambako visanduku vyote vilipelekwa kwa lori la polisi, kibuyu kilikuwa na kura tisa. Ngazi ilishinda kwa wingi, kituo chetu na jimbo zima. Kura ya Kokoo haikubadilisha lolote. Kati ya zile tisa, nane hakuna aliyejua ni za nani. Moja ilikuwa na jina.

Mvua mbili zikapita. Siku moja Nolari alikuja shuleni kunitafuta, akanikuta darasani. Nilikuwa nafundisha kidato cha tatu historia ya Uingereza, somo nililolirudia mwaka baada ya mwaka. Ubaoni nilikuwa nimeandika habari za enzi za Malkia Viktoria, jinsi mbunge akifa au akijiuzulu watu walivyoitwa kumchagua mwingine, na jinsi kwa miaka mingi mpiga kura alivyosimama mbele ya watu wote akataja kwa mdomo wake jina analolitaka. Mwenye shamba alikuwa amesimama hapo hapo akisikiliza. Mpangaji aliyetaja jina baya aliweza kufukuzwa shambani, yeye na watoto wake. Nilikuwa nikiwaambia wanafunzi kwamba ndiyo maana siri ya kura ikabuniwa. Nilifundisha vizuri, watoto walikuwa wakiandika.

Nilitoka nje na chaki mkononi. Nolari hakunisalimia. Aliniambia kamati imesoma rejista mbele ya watu. Nambari ya marehemu mume wa Kokoo ilisomwa, na jina lililofuata halikuwa la Kokoo. Lilikuwa la mdogo wa Parmuat. Kamati ilisema marehemu hakuacha mrithi anayejulikana. Wapima ardhi walikuwa wameshapigilia vigingi, kimoja kikiwa hatua chache kutoka mlango wa nyumba yake. Ameambiwa awe ameondoka kabla ya mvua.

Nilimuuliza kama ni kwa ajili ya kura. Akanitazama kama unavyomtazama mtu mzima aliyekuuliza jua huchomozea wapi. Parmuat mwenyewe alikuwa amemwambia Kokoo mbele ya watu kwamba kibuyu alichokichagua kitamchotea maji huko aendako.

Nilirudi darasani, nikakuta ubao wangu. Nililisoma lile somo kwa mara ya kwanza. Niliufuta ubao wote, nikawaambia wanafunzi wasome kimya, nikakaa. Nilijichukia siku hiyo.

Kesi ilipelekwa mbele ya wazee wa mashauri ya ardhi Kajiado. Nolari alikuja tena, safari hii na ombi. Alitaka niende niwaambie wazee kwamba Parmuat alikuwepo, kwamba alisikia, na kwamba mimi ndiye niliyemlazimisha mama kusema.

"Wewe ulimwambia hakuna mtu atamfanya kitu," alisema. "Kuja uwaambie hivyo tu."

Nilimwambia niko na kiapo. Ni kweli, tulikula kiapo cha kutotoa siri ya kura ya mtu. Nilienda Kitengela kumuuliza Mzee Njoroge, nikitumaini, kusema kweli, kwamba ataniambia kiapo ni kiapo. Alikuwa akipimia mteja misumari. Hakuacha kupima.

"Hiyo kiapo ni ya kulinda mpiga kura," alisema. "Sasa mpiga kura mwenyewe anakuomba ufungue mdomo. Unalinda nani?"

Niliahidi nitakwenda. Siku ya kesi nikavaa koti, nikapanda gari hadi Kajiado. Ng'ambo ya ofisi za wazee kulikuwa na hoteli ndogo ya chai. Nikaingia kunywa kikombe kimoja kabla ya kuanza. Mwenyekiti wa kamati ya ranchi alikuwa pia kwenye bodi ya shule yetu. Nilikuwa nimetajwa kuwa naibu wa mwalimu mkuu. Mke wangu alikuwa na mimba ya mtoto wetu wa pili na nyumba tuliyokaa ilikuwa ya shule. Hayo yote niliyahesabu juu ya kikombe kile. Nikaagiza kingine. Kupitia dirishani nilimwona Kokoo amekaa kwenye benchi la nje, Nolari kando yake, kichwa kimeinuliwa kidogo kama afanyavyo kipofu anayesikiliza hatua za mtu anayemngoja. Waliitwa ndani. Baadaye walitoka. Nilikuwa bado nimeshika kikombe, na chai ilikuwa imeganda utando juu.

Nilipata unaibu. Nawaambia msije mkafikiri Mungu huwapiga radi waoga. Nilipata unaibu, mtoto akazaliwa salama, na baada ya miaka michache nikahamishiwa shule ya Kitengela. Hata kiwanja nilichojenga nyumba hii mnamokuja kunitembelea kilikuwa ranchi ya watu zamani. Sikuuliza kilitoka katika rejista kwa njia gani.

Mambo ya kura yalibadilika sana katika miaka ya elfu mbili. Visanduku vikawa vya plastiki, unaona hadi ndani, hakuna tena wa kusahau mhuri humo. Kura zikawa zinahesabiwa kituoni, mbele ya macho ya watu. Mzee Njoroge alifariki kabla ya kuyaona, na nadhani angecheka na kusema wameweza kuonyesha ndani ya sanduku, bado ndani ya mtu.

Katika uchaguzi mkuu mmoja wa miaka hiyo nilipewa kituo hapa hapa Kitengela. Foleni ilikuwa ya watu wa mishahara, wapangaji wenye haraka, wanaotazama saa na kuuliza kwa nini makarani wanazubaa. Katikati yao akaja mama mzee sana ameshikwa mkono na binti yake. Nilimjua kabla hajafika mezani. Baada ya kushindwa kesi alikuwa amekuja kukaa kwa binti yake, chumba kimoja nyuma ya machinjio, yeye aliyekuwa na boma na mbuzi na njia yake mwenyewe ya kwenda mtoni. Sikungoja aombe.

"Takwenya, Kokoo," nilimsalimu. "Ingia na binti yako. Hakuna shida."

Hakuitikia salamu. Alisimama pale pale, akageuza uso kuelekea sauti yangu. Kimaa changu kilikuwa kimekomaa kufikia wakati huo, sikuhitaji Janet wa kunitafsiria.

Aliniuliza, "Ni wewe mwalimu wa Bisil?"

Nikasema ni mimi. Nilitaka kusema na mengine, nilikuwa nayo tayari kwa miaka mingi. Nilianza kusema kuhusu siku ile ya Kajiado. Akanyoosha kiganja akinizuia, akaomba karatasi yake.

Walikwenda kwenye kibanda, yeye na binti yake, vichwa vimeinamiana nyuma ya kadibodi. Walikaa humo muda mfupi tu. Kisha akaja mwenyewe hadi kwenye kisanduku, akapapasa kifuniko kwa vidole mpaka akaupata mwanya, akatumbukiza. Karani wangu akampaka wino. Mawakala walikuwa wakibishana kuhusu kitu kingine na hakuna hata mmoja aliyemtazama. Alipopita mbele ya meza yangu alisimama.

"Umesikia nimechagua nani?" aliniuliza.

"Sijasikia, Kokoo."

Aliweka mkono juu ya meza yangu, ule wenye kidole kibichi cha wino.

"Kumbe ilikuwa rahisi hivi," alisema.

Kisha binti yake akamshika bega, wakatoka, nami nikamwita mtu aliyefuata.